Kaseti Iliyoishia Jioni

Bibi,

Shikamoo. Ni mwezi wa tatu tangu tukuzike, na bado nikitoka kazini napiga hodi kwenye nyumba yangu mwenyewe.

Kuna jambo linaniuma. Unakumbuka tulivyokuwa tukirekodi siku moja ya utoto wako, Kariakoo ya kati ya vita viwili vya dunia? Tulianza alfajiri na muuza kahawa akigonganisha vikombe, wakafuata wachota maji na madebe yao mabegani, kisha king'ora cha karakana ya reli, baba yako akirudi na samaki mkononi. Tulipofika magharibi nikatazama saa. Zamu yangu ya kuhudumia wazee kule mjini Bowie, katika ughaibuni wetu huu, ilikuwa inakaribia. Ukasema, "Kaa kidogo, mjukuu wangu, bado usiku." Nikakwambia kesho. Siku zote nilikuwa na haraka, Bibi. Kesho yake ulikuwa hospitali, na hukuweza kusema tena.

Kaseti inaishia kwenye mlio wa funguo zangu.

Mwanangu Salma nilikuwa namtoa chumbani tukirekodi. Nilijua haelewi, maana ukimsemesha Kiswahili anakujibu Kiingereza. Wewe ulicheka tu: "Mwache, masikio yake ni ya kwetu."

Juzi asubuhi tulikwama kwenye foleni ya magari ya barabara kuu ya 270, nikaiweka kaseti. Ilipokatika, Salma akaendeleza simulizi yako kutoka kiti cha nyuma, kwa Kiingereza chake. Kwamba baada ya isha mama yako alisimama mlangoni na taa ya chemli, akiwaita wanawe kwa majina, mmoja mmoja, na taa haikuzimwa mpaka wa mwisho aitike. Kumbe ulimsimulia jioni zile nikiwa kazini.

Nililia nikiwa nimeshika usukani. Mara ngapi nilikugombeza kwa kuacha taa ya nje ikiwaka, nawe umesinzia kwenye kiti pale mlangoni? Nilidhani ni uzee, unasahau. Ulikuwa unanisubiri mimi. Nisamehe, Bibi.

Lala salama, Mungu akupe nuru huko uliko. Nimekubaliana na Salma, na wewe nakuahidi: kila jioni tutawasha taa ile ya nje na kuita majina ya nyumba hii. La kwako litakuwa la mwisho, na taa hatutaizima.

Mjukuu wako,
Zuhura