Mgongo Hulala Mwisho

Jumatatu, 3 Machi

Leo tena. Mteja kaja na mkewe, wamelala juu ya godoro langu la inchi sita, wamegeuka huku na huku kama samaki kikaangoni — mke kasema gumu. Gumu! Wakavuka barabara kwenda dukani kwa shemeji, kaka yake baba watoto. Si muda wakatoka, mume na godoro kichwani, mke nyuma yake anatabasamu peke yake kama bibi harusi.

Sponji ni ileile. Lori moja linaitoa kiwandani, linashusha kwa shemeji, linageuza, linashusha kwangu. Kipande chake cha mwisho na changu cha kwanza vimekatwa kwenye bonge moja. Ni mapacha! Mwezi uliopita nilimtuma kinyozi jirani anunue la shemeji kwa siri. Nikalala nalo? Hapana, mimi siamini maneno. Nilibandika mfuko wa saruji juu, kilo hamsini: likazama inchi mbili na robo. Nikaubandika juu ya langu: inchi mbili na robo.

Tofauti ni kava. Lake linang'aa, uzi wa dhahabu, limeandikwa kubwa "YA NJE". Langu la kijivu. Basi. Watu ni waongo tu.

Na asubuhi shemeji kapita kama kawaida yake, katema mate kwenye mtaro wangu. Mtaa mzima una mitaro. Kachagua wangu.

Jumatano, 5 Machi

Kimya — mshonaji wangu, tunamwita hivyo kwa sababu hanyamazi — kaleta habari kabla hata hajavua kitenge cha kichwa. Yule mjane anayejenga gesti karibu na kituo anataka magodoro ya vyumba vyote. Thelathini na sita! Atanunua duka moja tu: langu au la shemeji.

Jioni nikaitwa kwa mama mkwe. Nikajua. Wote wamekaa, shemeji kwenye kiti cha mikono, kifungua mimba wa nyumba. Mama mkwe kasema ni aibu, ukoo mmoja, maduka mawili ya magodoro yanatazamana kama majogoo. Watu wanacheka. Kwa hiyo kaamua: atakayepata gesti ndiye abaki. Nikikosa, nafunga, narudi kwa shemeji kushona makava kama zamani. Shemeji akikosa? Hakuna aliyeuliza. Shemeji hakosi.

Akaongea kwa upole. Yeye mpole sana mbele ya mashahidi.

"Kiti chako bado kipo, shemeji. Sijamkalisha mtu."

Nilikikalia kiti kile miaka tisa. Siku niliyomwomba anifundishe kukata sponji aliniambia mkono wangu ni wa makava. Nikaondoka na cherehani moja ya mguu. Nilikata sponji ya kwanza chini, sakafuni, kwa kisu cha jikoni. Hakuna aliyenipa hata subana ya kuvaa kidoleni. Nirudi kwenye kiti? Afadhali nile gundi.

Baba watoto alikuwepo. Alitazama viatu vyake baraza zima.

Ijumaa, 7 Machi

Mgongo. Nimeamka nimekunjika kama ndoano.

Ni hili godoro la chumbani, zawadi ya shemeji tulipooana. Ya nje, eti. Tangu nitoke dukani kwake linanichoma. Nasikia kila kifundo chake. La kwangu siwezi kuleta nyumbani — kila ninaloshona ni la kuuza, mtu halalii mtaji wake. Nimemwambia baba watoto: kaka yako ananipiga hata nikiwa usingizini. Kageukia ukutani. Yeye analala kama gogo juu yake. Damu yao moja, litamdhuru vipi.

Bibi Gesti (ndivyo mtaa unavyomwita) kasema tumpelekee magodoro mawili kila duka, Alhamisi ya tarehe ishirini. Atalala mwenyewe achague. Akilala kama wale wote wengine, nimekwisha.

Jumapili, 9 Machi

Sijui niandikeje.

Mtoto mdogo kamwaga uji kitandani. Nikafumua mshono wa kava nilifue. Nikashangaa — uzi. Uzi wa mshono ni wa kwangu, ule mweusi mnene ninaoununua kwa marobota. Nikalivua kava. Kwenye kona ya sponji, kwa wino mzito: mistari miwili na nukta.

Alama yangu.

Nikakaa chini. Nikamwita baba watoto. Kaja, kaiona, kakaa chini naye. Ikabidi aseme. Lile la kaka yake lilikwisha siku nyingi, lilibonyea kama sahani. Nilipokwenda msibani kwa shangazi mwaka jana, yeye na Kimya walitoa sponji ya zamani, wakatia mpya kutoka karakana yangu, Kimya akashona kava lilelile juu. Walitaka kunifurahisha. Mimi niliporudi nikalala, nikaamka, nikamtukana kaka yake.

"Kwa nini hukuniambia?"

"Nilikuwa nasubiri mgongo wako uniambie asante."

Mwaka mzima! Mwaka mzima ninalala juu ya kazi yangu mwenyewe na ninaugulia kazi ya shemeji. Na Kimya, mdomo usiofungwa, hili kalifunga. Nimecheka mpaka nikalia, halafu nimelia tu.

Jumatatu, 10 Machi

Mgongo hauumi. Si kidogo — hauumi. Sponji ileile, kava lilelile nimelirudisha baada ya kufua. Nimelala kama mtoto aliyeshiba.

Nimefanya hesabu zangu kutwa nzima na zinakuja na jibu moja. Mfuko wa saruji hauna kinyongo, ndiyo maana unazama inchi mbili na robo popote. Mtu si saruji. Mtu akilala, akili inatangulia kulala, inatandika, inaweka mito yake, miiba yake, mashemeji zake — mgongo ndio unalala mwisho, mahali palipokwisha tandikwa. Yule mke wa Jumatatu hakuwa mwongo. Kwake lilikuwa gumu kweli. Kama mgongo wangu mimi, mtu wa sponji, umedanganyika mwaka mzima, mteja ana kosa gani?

Kuhakikisha nimemwita kinyozi. Godoro moja. Kwanza nimelivika kava la kijivu, kalala, kasema linasukuma mbavu. Nikamtoa nje avute hewa. Nikalivika kava la shemeji, lile la godoro alilonunua kwa siri. Kalala. Kafumba macho. Kasema ahaa, hili ndilo, Mama Sponji, hili ndilo uige. Nikamwonyesha alama. Kakataa! Kasema nimebadilisha alipokuwa nje. Kimya kaapa kwa wazazi wake wote. Kinyozi kaondoka anajishika mbavu, eti zinamuuma za lile la kwanza.

Ijumaa, 14 Machi

Nimeshona makava mapya? Hapana. Hilo ndilo kila mtu angefanya, na Kimya alikwisha chora mpaka maua. Nimelitoa godoro sakafuni tu. Nimeliweka kitandani, nimetandika shuka safi, nimeweka mto. Mteja anavua viatu, analala, na hakuna ruhusa kumsemesha — hata Kimya, nimempa pipi ya kunyonya. Kabla tulikuwa tunamsimamia mtu kama polisi, yuko sakafuni na viatu vyake, halafu tunamuuliza kama analala vizuri.

Kati ya watu kumi wiki hii, saba wamenunua. Zamani saba ndio waliokuwa wanavuka barabara.

Wifi kapita, dada yao mdogo. Katika mazungumzo nikamtajia mate ya kaka yake. Kashangaa. Kasema kaka ana jino bovu tangu mvua zilizopita, anasukutua maji ya chumvi njiani akienda dukani, na mtaro wangu ndio pekee usiofunikwa. Mingine yote ina vifuniko.

Nimechungulia nje. Kweli.

Sikufurahi. Mtu akizoea dhuluma yake, kumnyang'anya ni kama kumnyang'anya mto.

Jumatano, 19 Machi

Kesho. Nimejua nitapeleka nini: moja jipya, na la chumbani kwangu. Na kava la shemeji juu yake, na uzi wa dhahabu. Makusudi. Baba watoto kauliza tutalalia nini leo. Nimemwambia mkeka, na asigeukie ukuta.

Alhamisi, 20 Machi

NIMEPATA.

Nianze mwanzo, nisije nikasahau hata moja.

Chumba cha chini cha gesti, rangi bado mbichi. Bibi Gesti mfupi, mnene, fimbo mkononi, sauti ya kwaya. Shemeji kafika na mawili yanang'aa kama sanduku la bibi harusi. Kayaona yangu — moja la kijivu, moja la dhahabu kuukuu — kacheka puani. Kaniuliza pole pole kama sasa nimeanza kuuza ya kwake.

Nikamwambia Bibi Gesti: mama, wageni wako hawatalalia kava, watalalia shuka zako. Tuyafunike yote kwa shuka zako nyeupe mpaka chini, sisi tutoke, mfagiaji wako ayapange anavyotaka. Shemeji kasema sawa. Kasema mgongo haudanganyiki. Hiyo kaisema mwenyewe, mashahidi wapo.

Tumesimama koridoni. Shemeji kashika shavu. Mimi kwapa zinatiririka. Nilikuwa nakiona kile kiti, na kitambaa chake cha kijani kilichopasuka pale paja linapokaa.

Tukaitwa. Bibi Gesti yuko juu ya la tatu, macho kafumba, fimbo kifuani. Kasema la kwanza zuri, la pili zuri, la nne zuri, hajui tofauti yao na asiulizwe. Lakini hili:

"Hapa hata marehemu mume wangu aniite, siitiki."

Mfagiaji kavuta shuka. Dhahabu! Shemeji katabasamu mpaka jino bovu likaonekana. Kasema hilo ni lake, analijua kama mwanawe, uzi wake, kitambaa chake.

Sikubishana. Nimetoa wembe, nimefumua mshono mbele yao, nimevuta sponji mpaka kona ikatoka. Mistari miwili na nukta. Nikamwonyesha na jipya langu: mistari miwili na nukta. Halafu nikasema yote, kwa sababu nilikuwa nimekwisha amua kusema yote. Kwamba hili limelaliwa mwaka mzima na watu wawili na mtoto wa kukojoa. Kwamba ni laini kuliko mapya kwa sababu limezoea miili. Kwamba sponji yangu na ya shemeji ni moja, lori moja, bonge moja, hakuna ya nje wala ya ndani. Anayetaka kumuuliza dereva, nitampa namba.



Shemeji kasema biashara ni biashara. Kasema watu wanapenda kusikia ya nje, wanalala vizuri wakisikia hivyo, sasa kosa liko wapi? Na hapo — nakiri humu tu — nilimwelewa. Hakudanganya migongo yao. Walilala vizuri kweli.

Lakini Bibi Gesti kaamka, kajifuta vumbi la sponji, kasema yeye atalaza watu asiowajua, kila mmoja na kichwa chake. Anataka muuzaji anayejua kilichomo ndani.

"Huyu kanionyesha ndani. Wewe umenionyesha nje."

Thelathini na sita! Yote! Mimi wa mkono wa makava!

Nilirudi kwa miguu. Nilitaka njia iwe ndefu.

Jumamosi, 22 Machi

Mtaa umepanuka. Naapa. Muuza mkaa kanisalimia, fundi viatu kanisalimia, hata yule mwalimu mwenye miwani asiyesalimia mtu. Nikamwambia Kimya, unaona watu wanavyojua kumheshimu aliyeshinda? Kasema walikuwa wanakusalimia siku zote, Mama Sponji, ulikuwa unapita umeinamisha uso kama unatafuta sindano.

Mama mkwe katuma ujumbe: neno ni neno. Mimi nabaki. La shemeji kufunga halikutajwa, na mimi sikulidai. Sihitaji afunge. Hilo nalo limenishangaza.

Tatizo zuri: Bibi Gesti anafungua mwisho wa mwezi. Mikono miwili ya kushona ninayo. Mkono wa kukata ni mmoja, wangu. Nimepiga hesabu kila upande. Haitoshi.

Jumatatu, 24 Machi

Shemeji yuko hapa. Sasa hivi. Naandika nyuma ya pazia la stoo, nimemwambia natafuta kikombe.

Kaja mwenyewe, kwa miguu, kavuka barabara. Mara ya kwanza tangu nifungue. Kazunguka meza yangu ya kukatia, kaipapasa, kapima ukingo kwa kiganja. Kanipongeza. Kasema inchi zangu zimenyooka. Kimya kasahau pipi mdomoni.

Halafu kaniuliza:

"Shemeji, una mkasi wa ziada?"

Basi. Kakaa kwenye benchi la washonaji, mikono magotini.

Namtazama kwenye upenyo wa pazia. Nikimtazama kwa ile miaka tisa, mdomo umepinda kwa dharau — kaja kuona namna ninavyokata, aharibu magodoro sita, Bibi Gesti arudi kwake. Nafumba macho, nafumbua, namtazama tena: mzee mwenye shavu lililovimba, hajui aiweke wapi mikono yake. Uso ni mmoja. Hajasogea hata inchi. Mimi ndiye ninayeenda na kurudi.

Kimya kanifuata, kanong'ona: mgeni anangoja, nimpe nini, maji au chai?

Mkasi wa ziada ninao. Uko hapa mapajani, nimekwisha upaka mafuta.