Malkia Aliyeachwa Wazi

Mtoni, Dar es Salaam
5 Oktoba 1952

Mpendwa mdogo wangu Leodegar,

U hali gani huko kwenye baridi? Sie hapa wazima. Shemeji yako Apolonia kifua kilimbana wiki iliyopita, lakini sasa anapika na kufoka kama kawaida yake.

Ubao wa sataranji nimeuweka juu ya kabati, kete ziko vile vile tulivyoziacha asubuhi ya safari yako. Ni zile zile alizotuchongea Alfonsi Mmakonde, na yule farasi wako mwenye sikio moja yupo. Nimemwambia Apolonia akizigusa na kitambaa chake cha vumbi tutaonana wabaya. Basi tuumalize mchezo kwa barua, kila barua na hatua yake. Ni zamu yako.

Huko London usije ukajisahau. Padre alinifundisha mie kule Bukoba, nami nikakufundisha wewe ukiwa bado unavuta kamasi. Tangu siku hiyo hujanifunga hata mara moja. Soma ualimu wako, sataranji niachie mie.

Ni mimi kaka yako,
Gaudens


London
16 Novemba 1952

Kaka Gaudens,

Shikamoo. Kifua cha shemeji kinaendeleaje? Mie mzima, ila vidole vya miguu sijui kama bado ninavyo.

Kaka, kuna jambo! Jumamosi alikuja bingwa mmoja kwenye klabu yetu ya sataranji. Cheo chake wanakiita grandmasta, na juu ya hicho hakuna kingine ila kuwa bingwa wa dunia. Alitoka kwao akiwa na miaka kumi na mitano, akazunguka Ulaya nzima akishindana, akashinda katika miji ambayo mie hata kuitamka siwezi. Pengine hucheza amefungwa kitambaa machoni, kete zote zimo kichwani. Siku hiyo alicheza na watu thelathini kwa mpigo, anapita meza kwa meza, anasogeza kete, anakwenda zake. Wote aliwafunga isipokuwa mmoja tu. Huyo mmoja ni mie!

Nilimfunga kwa mtego wako, ule wa kuitoa ngome iliwe halafu farasi anaingia kwa nyuma. Alinipa mkono. Watu wa gazeti wakanipiga picha.

Hatua yangu: askofu wangu anamla askari wako wa pembeni.

Mdogo wako akupendaye,
Leodegar


Mtoni
14 Desemba 1952

Leodegar,

Wazima hapa. Picha yako tuliiona kabla ya barua. Bwana mkubwa wangu wa bandarini alikuja na gazeti mkononi, akanionyesha mbele ya makarani wote. "Huyu si jamaa yako?" Nikasema ni mdogo wangu. Tangu hapo jina langu limepotea. Kanisani mie ni kaka yake Leodegar. Sokoni, kaka yake Leodegar. Jana Mwinjuma, jirani yetu, mtu wa bao tu ambaye sataranji haijui hata kwa dawa, kanisimamisha njiani: "Eti ni kweli mdogo wako ndiye aliyekufundisha?" Nilitamani ardhi inimeze.

Sitakuficha. Naona wivu. Mtego ule niliutunga mie, kwa kichwa changu, nikishinda kutwa nimeinamia hesabu za magunia ya watu. Leo wewe unapeana mikono na magrandmasta kwa akili yangu, na gazeti linasema ulijifunza mwenyewe. Mwenyewe! Mie na Padre tulikuwa wapi?

Ngome yangu inahamia mbele ya mfalme wangu.

Gaudens


London
8 Februari 1953

Kaka,

Shikamoo. Shemeji hajambo? Hii ni barua ya pili. Ile ya Januari hukuijibu. Mwandishi wa gazeti nilimtajia jina lako, nikamwandikia herufi kwa herufi, naye akaliacha. Ningefanya nini?

Maneno yako nimeyapokea yote. Kilichoniuma ni pale chini, ulipoandika "Gaudens" peke yake. Hujapata kuniandikia hivyo maisha yako yote.

Klabu inataka niende kwenye mashindano ya Pasaka. Nisipokwenda, roho yako itatulia?

Malkia wangu anasimama mbele ya ngome yako.

Mdogo wako,
Leodegar


Mtoni
1 Machi 1953

Leodegar,

Nilipomweka malkia wako mahali ulipotaka nilipiga ukelele, "Nimempata!" Apolonia akatoka jikoni mbio akidhani nimeumwa na nyoka. Nikamwita na Mwinjuma aje ashuhudie. Nikainyanyua ngome nimle, mara mkono ukasita.

Mtu aliyemfunga grandmasta hamwachi malkia wake wazi namna ile, hata akiwa na homa. Umeniachia! Umenitupia malkia kama mtu anavyomtupia mbwa mfupa ili anyamaze. Kumbe ndivyo unavyoniona siku hizi. Mbele ya Mwinjuma ilibidi nisingizie kwamba miwani imeniponyoka.

Wivu wangu niachie mwenyewe, huruma yako siitaki. Simli malkia huyo. Nimemrudisha alikokuwa. Cheza upya hatua hiyo, na ucheze kama ulivyocheza na yule Mzungu. Na Pasaka uende. Ukiacha kwenda kwa sababu yangu, usikanyage nyumbani kwangu.

Gaudens


London
22 Machi 1953

Kaka,

Shikamoo. Ni kweli nilikuachia. Nilidhani ukinifunga utarudi kuwa kaka yangu. Nisamehe.

Haya, ulivyotaka. Farasi wangu, yule mwenye sikio moja, anaingia nyuma ya mfalme wako. Tazama pande zote, kaka. Mfalme hana pa kwenda. Ngome yangu uliila kabla sijasafiri, na njia aliyopita farasi unaijua kuliko mie.

Pasaka nitakwenda.

Mdogo wako,
Leodegar


Mtoni
30 Agosti 1953

Mpendwa mdogo wangu Leodegar,

U mzima? Sie wazima, Apolonia anakusalimu sana na anasema uvae soksi mbili.

Miezi mitano nimekaa kimya. Kila nikitoka kazini nilikuwa nautazama ubao, natafuta upenyo. Hakuna. Nimefungwa, tena kwa mtego wangu mwenyewe. Imeniuma, usiniulize. Lakini safari hii hukunidanganya.

Nimesikia Pasaka umetoka wa pili. Kwa nini wa pili? Nani huyo aliyekufunga? Niandikie mchezo wote tangu mwanzo, nione ulipopotea.

Usidhani wivu umekwisha. Apolonia amebandika picha yako ukutani. Kila asubuhi naibandua, kila jioni naikuta imerudi. Wiki iliyopita bwana mkubwa alimleta nahodha mmoja wa meli anayependa sataranji. Tulicheza mara mbili, akanifunga moja, nami nikamfunga moja. Akainuka, akanipa mkono, akaniuliza mie ni nani. Makarani wakafungua midomo wanijibie, nikawawahi.

Kete nimezipanga upya. Zamu hii naanza mie: askari aliye mbele ya mfalme, hatua mbili.

Ni mimi,
Kaka yake Leodegar