Maboksi Manane

Kanazi, Agosti 1974

Mjukuu wangu Aristides,

Mimi mzima. Kahawa imeiva na hakuna wa kuichuma.

Hesabu yako ya chuo imeniaibisha. Tumeambiwa lori la kutuhamishia kijiji cha ujamaa, kule Ngenge, litabeba kasha moja kwa kila nyumba. Ukaniandikia kwamba kasha la babu yako litameza maboksi ya sabuni kumi na mawili niliyofungia vitu vyangu, nami nikajivuna kwa majirani. Yameingia manane! Uligawa nafasi kana kwamba boksi ni uji, litamiminika hadi pembeni. Kemilembe jirani akacheka: "Mwite msomi wako aje ayakate!"

Sufuria nimeacha, na picha ya komunio yako pia, usininunie. Boksi la mwisho ndilo lililonishinda, lenye lubugo, nguo ya gome niliyojiwekea ya kuzikiwa. Sisi huzikwa kibanjani kwetu, chini ya migomba, karibu na watu wetu. Huko Ngenge nitalala karibu na nani? Nimeitandika juu ya kaburi la babu yako. Ajifunike yeye.

Usijisumbue kuja. Ukisoma haya, lori limekwisha ondoka.

Bibi yako,
Kokuberwa