Kitabu Kifuani

Jumatatu, 5 Julai 1971
Uji. Chai. Kupiga pasi shati lake. Makori wangu ameondoka kwenda kufundisha akisoma njiani, akampita mwalimu mkuu bila kumwona. Jamani, nampenda! Miezi miwili ya ndoa na moyo bado unaruka nikisikia viatu vyake mlangoni. Mwalimu mkuu ameniomba nitunge fumbo la maneno la Siku ya Wazazi, lile la miraba kama la gazetini. Nimeshajua litamhusu nani. Msomi. Yaani yeye.

Jumapili, 11 Julai
Limekamilika, kwenye karatasi kubwa ya manila. Nacheka peke yangu jikoni. "Huogopa jembe kuliko nyoka, herufi tano": MSOMI. "Bila hii hatofautishi ng'ombe na kichaka, herufi sita": MIWANI. Tena lile tamu kuliko yote: "Hulala nacho kifuani huku mkewe akingoja, herufi sita": KITABU. Kweli tupu. Ndivyo ninavyomkuta, na hapo ndipo ninapompenda zaidi. Sijamwonyesha. Wazee hawajui Kiswahili kingi, kwa hiyo watakaocheka ni walimu tu.
Jumapili ijayo baba mkwe anakuja kula chakula changu kwa mara ya kwanza. Mpaka akile, mimi ni mgeni katika ukoo huu.

Ijumaa, 16 Julai
Natamani ardhi inimeze.
Mwalimu Mosoti, yule mcheshi, ndiye aliyesoma mafumbo leo kwenye Siku ya Wazazi. Wazazi walipokaa kimya, akaanza kuyatafsiri kwa Ekegusii, lugha yetu ya nyumbani. Sikuwa nimefikiria hilo. Kwa Kiswahili maneno yalikuwa yamevaa nguo. Kwa Ekegusii yakasimama uchi.
La jembe, wakacheka. La miwani, wote wakageuka kumtazama Makori. Shule nzima miwani ni yake tu. Kisha lile la kulala na kitabu.
"Rudia, mwalimu!" mama mmoja akapiga kelele. "Huyo mke anangoja nini?"
Kicheko kikavunja uwanja. Baba mkwe alikuwa mstari wa mbele. Kwetu baba hasikii habari za kitanda cha mwanawe. Ndiyo chinsoni, haya inayolinda heshima ya wazazi na watoto. Mzee akasimama, akavaa kofia, akaondoka. Makori alitazama viatu vyake mpaka mwisho.
Nyumbani alisema jambo moja tu: "Wanafunzi wangu walikuwa pale."
Mimi ni mjinga. Nilidhani napeleka mapenzi, kumbe nimefungua mlango wa chumba mbele ya kijiji.

Jumamosi, 17 Julai
Makori hasemi nami. Akipita, wavulana wa darasa la saba wanahesabu herufi kwa sauti. Moja, mbili, tatu.
Nimeenda Nyamarambe kwa mama mkwe. Sikuthubutu kuingia, nikashika jembe na kupalilia naye mahindi. Machozi yalinitoka nikasingizia jua. Hakukuwa na jua.
"Mwanangu," akasema hatimaye, "hata mimi nilipenda mume. Lakini sikuita mkutano."
Nikamwuliza kama mzee atakuja kesho.
"Hajasema. Wewe pika."

Jumapili, 18 Julai
Nimepika. Ugali wa wimbi, kuku, mboga ya chinsaga. Saa saba hakuna mtu. Saa nane hakuna mtu. Makori akatoa kiti uani hata hivyo, akakiweka kivulini.
Saa tisa baba mkwe akaja. Akakigeuza kiti, akakaa akiipa nyumba mgongo. Makori akampelekea chakula mwenyewe. Nilisimama nyuma ya pazia. Hakuniulizia. Alikula polepole, akanawa, akazungumza na mwanawe habari za mvua, akaenda zake.
Makori ameingia na sahani. Imebaki mifupa tu. Akaiweka mezani mbele yangu, akakaa, akaniomba nimpakulie na yeye. Maneno yake ya kwanza tangu juzi.
Nimempakulia. Tumekula pamoja. Bado siwezi kumtazama machoni.