Kitabu cha Mazishi cha Kariuki Kimesomwa Kortini

Dada yangu Nyambura,

Pokea salamu nyingi kutoka hapa Langas, Eldoret. Natumaini baridi ya Kinangop haijakushika miguu tena, na yule ng'ombe wako amezaa salama. Mimi niko, namshukuru Mungu, ila presha inapanda na moyo umechoka. Naandika kwa karatasi kwa sababu haya mambo kwa simu ningekata kabla sijafika mwisho.

Ni ile kesi ya Kariuki. Huu ni mwaka wa tatu tangu lori limgonge pale Cheptiret akipakia mageti aliyotengeneza kwa mikono yake, na bado tunazungushwa na watu wa bima. Mara faili haionekani, mara hakimu amehamishwa, mara wakili wao ni mgonjwa. Lori lenyewe lilinyooshwa, likapakwa rangi, na huwa naliona likipita na mizigo. Lori limepona, Nyambura.

Wiki iliyopita ndiyo niliitwa kizimbani. Nilivaa ile suti yangu ya bluu, na sikudanganyi, karani aliniuliza kama mimi ni mwalimu. Wakili wetu, kijana mpole ambaye ofisi yake iko juu ya duka la dawa, alikuwa amenionya: "Mama, jibu ulichoulizwa, usiongeze." Lakini wewe unanijua. Niliposikia wanasema marehemu, marehemu, kama mtu asiye na jina, nikatoa kwa mkoba kile kitabu cha mazishi chenye picha zake na historia ya maisha yake. Nikasema, "Naomba mheshimiwa aone sura ya mtoto wangu."

Wakili wa bima akaomba akione pia. Akafungua ule ukurasa ambao wewe uliwasomea watu siku ya mazishi.

"Mama, haya aliandika nani?"

"Ni mimi. Hakuna mtu alinisaidia."

"Yameandikwa vizuri."

"Asante. Nilikuwa namba mbili darasani mpaka karo ikanitoa shule."

"Hebu tusomee hapa."

Nikasoma, tena kwa sauti: "Mama yake ni mfanyabiashara hodari ambaye hajawahi kula jasho la mtoto."

"Sasa mama, kama hukuwa unakula jasho lake, kifo chake kimekupunguzia nini?"

"Nimepoteza mtoto."

"Pole sana. Mimi nilikuwa nauliza juu ya riziki."

Hakimu akaandika kitu, kesi ikasukumwa mpaka mwezi ujao.

Huko nje wakili wetu alishika kichwa. Akanieleza polepole kwamba sehemu kubwa ya fidia hulipwa mzazi aliyekuwa akisaidiwa na mtoto, na Kariuki hakuwa na mke wala karatasi ya mshahara. Fundi wa kuchomelea hulipwa mkononi.

Nikamuuliza, "Kijana, siku hizi kumsifu mama ni makosa?"

"Ni wewe ulijisifu, mama."



Sasa Nyambura, nataka ulisikie jambo hili kwangu kabla hujalisikia kwa watu. Lile duka nililokuwa nikikusifia lilikuwa la Kariuki. Kila Jumamosi alienda kwa mwenye duka la jumla, akalipia unga na sukari, akaniletea. Dawa zangu za presha ni yeye. Hata yule mbuzi niliyekuchinjia Krismasi, nikakwambia ni faida ya duka, alimnunua sokoni Burnt Forest akamleta kwa pikipiki. Siku moja nilimwambia naona haya. Akacheka, akasema, "Mama, waambie pesa ni zako. Mimi sitadai." Na hakuwahi kunifichua hata mbele ya dada zake. Sasa rafu ni tupu, nauza viberiti na chumvi.

Wala si njaa inayoniuma zaidi. Kesi ikianguka, itabaki imeandikwa kortini kwamba mtoto wangu aliishi miaka ishirini na tisa bila kumfaa mtu. Kijana aliyenilisha. Nimekataa.

Mwenye duka la jumla amekubali kuja kueleza alivyokuwa akilipwa na Kariuki. Mimi pia nitapanda tena kizimbani niseme nilikuwa nalishwa. Nakuomba uje, dadangu. Ukae mbele, mahali nitakuona. Nikiona uso wako nitasema ukweli, maana wewe utakuwa unajua. Usipokuja, najijua, nitasimama pale na suti yangu nianze kujisifu tena.

Nisalimie shemeji, mwambie asichoke kukupa ruhusa. Msalimie shangazi aliyetushonea sare za shule, na mchungaji aliyemzika mtoto wetu. Wasichana wako wote nawabusu.

Mdogo wako,
Wangari, mama yake Kariuki