Nilivyomwiga Deo Msibani Kwake

Bredäng, Stockholm

Mdogo wangu Tatu,

Assalaam aleikum. Mgongo umeacha kukuuma? Na shemeji, kile kikohozi chake? Mimi mwili mzima, ila kutulia nilishindwa kabisa. Nakaa, nasimama, naita lifti, ikifika narudi ndani.

Nilikusimulia kwenye simu habari za Deo, yule Mkongo wa ghorofa ya nne, aliyekuwa akiishi na mdogo wake, Baba Riziki. Kila Jumamosi mchana tulikaa watatu kwao kutazama vichekesho vya televisheni ya Ufaransa. Wale watu wanavaa wigi na tai, wanamwiga rais wao, mawaziri, maaskofu, hawabakizi mtu! Kifaransa sijui, lakini nilikuwa nacheka kabla Deo hajanitafsiria. Nikawaambia, "Hawa ni watani wa serikali yao." Deo akicheka, miwani inadondoka, anapiga paja mpaka anapaliwa.

Deo amefariki, Tatu. Moyo.

Msibani watu wamenyamaza kama wako uhamiaji wanasubiri kuitwa. Nikaona aibu. Msiba gani hauna mtani? Nawe unajua, kwa utani Tabora nzima walinikoma. Nikasimama katikati yao, nikatembea kama Deo, nikacheka kama Deo, nikapiga paja. Nilimpata barabara! Hakuna aliyecheka. Baba Riziki akainuka:

"Papa Shabani, utoke. Ndugu yangu hajazikwa bado, wewe unamucheka?"

Kumbe kwao utani wa msibani hawaujui. Nami badala ya kueleza nikafoka, "Hamna mila nyie!" Nikatoka.

Wiki tatu sikushuka kwake. Nimwombe radhi mtu niliyemzidi umri? Lakini nyumba nyingine ya kukaa nikazungumza sina, na wanangu nikiwasemesha wananijibu Kiswidi. Leo nimegonga. Nikamwambia, "Kwetu mtani humwiga marehemu ili waliobaki wapumue. Nilikosa, sikukuuliza." Nikageuka niende zangu.

"Papa, ingia," akasema. "Unionyeshe tena vile alikuwa anacheka. Mi naanza kusahau."

Nikamwonyesha, Tatu. Akaniomba tena, nikamwonyesha tena, machozi yakimtoka.

Msalimie shemeji, na binti yako fundi cherehani, na shangazi. Na yule mtani wetu Mzaramo, muuza mkaa, mwambie siku yangu ikifika aje, na asinionee huruma.

Ni mimi kaka yako, ambaye hapa Bredäng hajapatikana wa kumfikia,
Shabani