Mzee Aliyeitwa Dada

Jumatatu, 3 Machi
Leso zangu za kuuza zimelowa mvua tena. Nimezianika juu ya kibanda changu cha kushonea, soko lote la Ndhiwa likanicheka.

Mdogo wangu Millicent amepiga simu kutoka Osiri mara nne. Huyu hajui kunong'ona. Ati Mzee Ochuodho, mwenye shamba lenye shimo la dhahabu, ametia mnyororo langoni. Fundi Mhindi aliyekuja kuweka mashine ya kusaga mawe amemtukana. Fundi asipoondoka na mashine yake kufikia Jumamosi, lango halifunguliwi. Wanawake wa Millicent wanaponda mawe pale. Tangu Ijumaa wamekaa bure, na watoto wanataka kula.

Fundi hajui Kiswahili. Kiingereza chake ni cha spana na nati. Millicent amewatangazia wote kwamba mimi najua Kigujarati. Nikasema nitakuja. Mdomo wangu huu!

Jumanne, 4 Machi
Situlii. Nimepima kitambaa mara mbili na bado nikakikata vibaya.

Kigujarati nilikiokota utotoni Homa Bay, dukani kwa Masi, mama yetu alipokuwa akimpikia. Masi maana yake mama mdogo. Wote tulimwita hivyo. Mimi aliniita dikri. Dikri, lete maji. Dikri, fagia. Dikri, kula. Nilipofika miaka kumi na minne nikaelewa: dikri ni kijakazi. Niliondoka na hasira zangu, sikurudi. Masi alipofariki, mama alikwenda mazishini. Mimi nilikaa hapa nikishona. Sijutii.

Tangu asubuhi naongea na leso. Kuro, kuro. Yaani "nini". Jirani yangu muuza nyanya ananiangalia kwa huruma.

Alhamisi, 6 Machi
Osiri. Aibu tupu.

Fundi anaitwa Jignesh. Kijana tu, macho mekundu kwa vumbi. Wanawake wametuzunguka wakingoja nifanye maajabu. Nikamwuliza, kuro thyo, nini kimetokea? Akanikodolea macho. Nikarudia, kwa sauti zaidi, kama mjinga. Akacheka, kisha akajiziba mdomo. Akaninyooshea kidole: Kachchi. Akajigusa kifua: Gujarati. Surat, mji wa kwao.

Kumbe! Miaka yote hii nimejigamba kwa lugha ya jirani. Masi alikuwa wa Kachchi, na mimi sikujua. Kwa Jignesh "nini" ni "hu". Ni kama kumsalimia Mkuria kwa Kikisii: anasikia harufu ya chakula, hapati tonge.

Nikawauliza wanawake tusi lenyewe ni lipi. Wakaangalia chini. Ati fundi alimwita mzee dada. Mbele ya wachimbaji wote, viganja ameviunganisha kifuani: dada, dada. Watu wakacheka mpaka wakakaa. Hata mimi nimekasirika. Mzee wa mvi kuitwa mwanamke?

Millicent hanisemeshi. Nimelala kwake hivyo hivyo.

Ijumaa, 7 Machi
Nilikuwa naosha uso asubuhi ndipo picha ikanijia. Ukutani dukani kwa Masi, mzee mwenye kilemba na ndevu, shada la maua juu ya fremu. Kila siku Masi aliunganisha viganja mbele yake: Dada. Nami mtoto nikijiuliza, huyu dada ndevu za nini?

Babu! Dada ni babu!

Nikakimbia kwa Jignesh na kanga moja. Nikachora mchangani mzee na fimbo yake. Dada? Akaitikia mpaka nikaogopa shingo itakatika. Hapo Kikachchi na Kigujarati vimekubaliana, Mungu asifiwe.

Mzee Ochuodho alinipa mgongo. Nikauambia mgongo wake kwamba kijana alikuwa akimheshimu. Kwao dada ni babu, kaka ni baba mdogo, mama ni mjomba.

Akageuka. "Mama ni mjomba?"

"Ndiyo, Jaduong'."

Alicheka mpaka akakohoa. "Basi aniite kwaro. Huyo babu hata kuku wangu wanamjua."

Mnyororo umetoka kabla ya saa sita.

Jumamosi, 8 Machi
Mashine inanguruma. Wanawake wamerudi kazini, meno nje. Millicent sasa ananiita mkalimani. Namwacha.

Nikiaga, Jignesh akatoa simu anionyeshe picha. Msichana wa sare ya shule, meno mawili ya mbele hana. Pua ni yake kabisa.

"Mari dikri," akasema, mkono kifuani.

Mari ni "wangu". Hilo nalijua. Nikamwuliza tena, dikri? Dikri, akajibu, akaufuta vumbi uso wa mtoto kwa kidole gumba.

Binti. Si kijakazi. Sikumbuki nilivyofika barabarani.

Jumapili, 9 Machi
Kanisani sikwenda. Nimekwenda Homa Bay. Duka la Masi sasa wanauza simu. Msichana wa kaunta akaniuliza nataka nini, nikasema naangalia tu. Ukutani pale pa picha pana saa.

Dikri, kula. Alikuwa akisema hivyo kabla hajagusa sahani yake.

Nimerudi jioni. Leso zimekauka, nimezikunja. Nimefungua ukurasa wa Jumanne, pale nilipoandika sijutii, nikalikata neno.